BARUA KWA MHARIRI: Wasifu wa K. P. S. Gill haukamiliki bila daftari za kuni

Mhariri,

Nimeisoma makala yenu iliyomsifu marehemu Kanwar Pal Singh Gill, aliyekuwa Mkurugenzi Mkuu wa Polisi katika jimbo la Punjab nchini India, kuwa ndiye askari aliyeuzima ugaidi wa jimbo hilo. Siandiki kukanusha kwamba aliuzima. Naandika kwa sababu mwandishi wenu ameishia pale ambapo habari yenyewe inaanzia.

Kwanza nimpe haki yake. Gill alijiunga na utumishi wa polisi mwaka 1958, akafanya kazi miaka mingi katika jimbo la Assam kabla ya kurejeshwa Punjab, jimbo alikozaliwa. Aliiongoza polisi ya jimbo hilo mara mbili: kuanzia 1988 hadi 1990, kisha tena kuanzia 1991 hadi alipostaafu 1995. Wakati huo wapiganaji waliodai Khalistan, yaani nchi huru ya Masingasinga, walikuwa wakiua wanakijiji, abiria wa mabasi, wanasiasa, waandishi wa habari na askari pamoja na jamaa zao, na wengi wa waliouawa walikuwa Masingasinga kama yeye mwenyewe (au Makalasinga, kama tulivyozoea kuwaita huku kwetu). Mwezi Mei 1988 wapiganaji walipojichimbia ndani ya Hekalu la Dhahabu mjini Amritsar, mahali patakatifu kuliko pote kwa Masingasinga, Gill hakurudia kosa la Juni 1984, pale jeshi lilipoingia na vifaru, likabomoa sehemu takatifu na kuwasha hasira ambazo miezi michache baadaye zilimgharimu Waziri Mkuu Indira Gandhi maisha yake. Safari hii hekalu lilizingirwa, maji na umeme vikakatwa, na waandishi wa habari wakaruhusiwa kutazama, hadi wapiganaji wakatoka wenyewe mikono ikiwa juu. Ilikuwa kazi ya akili na subira, na kwa hilo mwandishi wenu ana haki ya kumsifu.

Lakini miaka iliyofuata haikuwa ya subira. Wasomaji wetu wanaijua vyema ile taarifa ya polisi isemayo kwamba mshukiwa "aliuawa katika majibizano ya risasi". Punjab ilikuwa na taarifa za namna hiyo kila kukicha, na vijana waliochukuliwa majumbani usiku, mbele ya mama zao, hawakuonekana tena. Aliyewatafuta hakuwa hakimu wala mbunge, bali mfanyakazi wa benki wa Amritsar aitwaye Jaswant Singh Khalra. Alikwenda mahali panapojulikana na kila mtu lakini pasipoangaliwa na yeyote, yaani katika daftari za maeneo ya kuchomea maiti, ambako makarani walikuwa wakiandika kwa uaminifu wao wa kikarani maiti zilizoletwa na polisi kama maiti zisizo na wenyewe, na kuni zilizotumika kuziteketeza. Wauaji hawakukumbuka kwamba hata kuni huandikiwa stakabadhi.

Tarehe 6 Septemba 1995, Gill akiwa bado Mkurugenzi Mkuu, Khalra alitekwa nyumbani kwake Amritsar na hakurudi. Askari kadhaa walihukumiwa miaka kumi baadaye kwa kumteka na kumuua. Gill mwenyewe hakushtakiwa katika kesi hiyo. Hata hivyo, wapelelezi wa serikali kuu walipotumwa na Mahakama ya Juu ya India kuchunguza maeneo matatu ya kuchomea maiti katika wilaya ya Amritsar pekee, walikuta maiti 2,097 zilizoteketezwa kinyume cha sheria: 585 zilitambuliwa kikamilifu, 274 kwa sehemu, na 1,238 hazikutambuliwa kabisa. Ni kweli kwamba hesabu hiyo inaanzia 1984, kabla ya Gill kushika usukani, kwa hiyo si zote zinazoweza kuwekwa mlangoni kwake. Lakini alipostaafu hakuomba uchunguzi uendelee. Mwaka 1997, baada ya ofisa wake wa zamani, aliyekuwa akikabiliwa na kesi, kujiua, Gill alimwandikia Waziri Mkuu akilalamika kwamba ni polisi ndio wanaoonewa.

Makala yenu pia haikumtaja Rupan Deol Bajaj, na hapo ndipo niliposhindwa kunyamaza. Mwezi Julai 1988, katika karamu mjini Chandigarh, Gill alimpiga kofi la makalio mwanamke huyo, ofisa wa ngazi ya juu serikalini, mbele ya wageni. Mwanamke huyo alishtaki. Mahakama Kuu ikaifuta kesi, na mwaka uleule wa 1989 Gill akavishwa Padma Shri, nishani ya heshima ya taifa. Mahakama ya Juu iliifufua kesi mwaka 1995, Gill akatiwa hatiani 1996, kifungo kikageuzwa kuwa cha nje katika rufaa na kuongezewa malipo ya rupia 200,000, na hukumu hiyo ikathibitishwa mwaka 2005. Miaka 17, Mhariri, kwa mwanamke msomi, mwenye cheo, ambaye mumewe pia alikuwa ofisa wa serikali! Mjane wa mkulima wa Tarn Taran, huko huko Punjab, angeanzia wapi?

Muda wote huo Gill aliendelea kuheshimiwa. Jimbo la Gujarat lilimwita awe mshauri wa usalama mwaka 2002, jimbo la Chhattisgarh likafuata. Chama cha mpira wa magongo cha India alikiongoza tangu 1994 na kung'olewa 2008, India iliposhindwa kufuzu Olimpiki kwa mara ya kwanza tangu 1928, na nathubutu kusema kwamba kushindwa huko kulimletea lawama nyingi nyumbani kuliko zile maiti.

Alifariki Delhi mwezi Mei 2017. Mkimwandika tena, naomba idadi ya 2,097 ichapwe katika ukurasa uleule wenye nishani yake.

Msomaji wenu,
Nakuru