Mpangilio wa visiwa katika gemu za anime usipuuzwe

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi katika gazeti lako niijibu makala ya ukurasa wa vijana ya Jumamosi iliyopita, iliyozungumzia gemu za video zinazotokana na katuni za Kijapani, yaani anime. Mwandishi alieleza vizuri ubora wa picha, mapigano na bei, lakini alipofika kwenye mahali ambako mchezaji hupitishwa, alisema kwamba mpangilio wake ni jambo dogo, na kwamba ilimradi kila eneo linapendeza, haidhuru lipi limetangulia lipi. Mimi ni mwalimu wa jiografia na mzazi wa kijana wa miaka 14 anayecheza gemu hizo sebuleni kwangu, na katika hilo sikubaliani naye hata kidogo.

Nitachukua mfano wa One Piece, hadithi ya maharamia ambayo Eiichiro Oda alianza kuichapisha mwaka 1997 na ambayo ilifanywa anime mwaka 1999. Katika bahari ya hadithi hiyo iitwayo Grand Line, dira ya kawaida haifai kitu, kwa kuwa kila kisiwa kina sumaku yake. Baharia huvaa mkononi kifaa kiitwacho Log Pose, ambacho ni lazima kikae kisiwani kwa muda mpaka kinase mvuto wa kisiwa kinachofuata, ndipo kielekeze njia. Muda huo hutofautiana: kwenye kisiwa cha Little Garden unafika mwaka mzima. Maana yake ni kwamba nahodha hachagui aende wapi kwanza na wapi baadaye. Bahari ndiyo inayompangia. Sisi wa pwani hatuhitaji kuelezwa sana jambo hili, kwa sababu kabla ya injini, majahazi yaliyoletwa na kaskazi kutoka Arabuni yalikaa bandarini kwetu yakisubiri kusi ivume ndipo yarudi, na hapakuwa na tajiri wala nahodha aliyeweza kuuharakisha upepo.

Kutokana na utaratibu huo, kila kituo katika One Piece huzaa kinachofuata. Walipokuwa Little Garden, maharamia wa nahodha Luffy, shujaa wa hadithi, walipata kifaa kingine, kinachoelekea kisiwa kimoja tu siku zote, nacho kilielekea Alabasta, ambako binti mfalme Vivi alikuwa akikimbilia kuiokoa nchi yake. Wangeweza kwenda moja kwa moja. Lakini Nami, ambaye ndiye mwongoza njia wao, aliugua vibaya, wakalazimika kuacha njia na kutafuta tabibu, na ndivyo walivyofika kisiwa cha theluji cha Drum na kumpata Chopper, ambaye akawa daktari wao. Ukiiondoa Drum, daktari wa meli hana alikotoka, na Vivi anakosa ile saa ngumu ya kuchagua kati ya uhai wa rafiki yake na nchi inayomsubiri.

Sasa nije kwenye gemu ambayo mwandishi wenu aliisifu, One Piece Odyssey, iliyotengenezwa na kampuni ya ILCA na kutolewa na kampuni ya Bandai Namco mwezi Januari 2023. Ndani yake meli inaharibika karibu na kisiwa cha Waford, nguvu za wahusika zinapotea, nao wanaingia katika ulimwengu wa kumbukumbu ili wazirudishe. Kumbukumbu hizo ni nne: Alabasta, Water Seven, Marineford na Dressrosa. Nakiri kwamba mfuatano huo ni ule ule wa anime, na nakiri pia kwamba hakuna gemu moja inayoweza kubeba kila kitu, maana anime hiyo ilifikisha sehemu 1,000 mwaka 2021. Kupunguza kulikuwa lazima. Lawama yangu ni kwamba visiwa vimebaki katika safu yake, lakini vile vilivyoviunganisha vimeondolewa, na mwandishi wenu akaiona safu tu.

Water Seven ni mji wa mafundi wa meli, na wanafika huko kwa sababu chombo chao, Going Merry, kimechakaa. Mafundi wanakikagua na kusema mkuku umevunjika na hakitengenezeki tena. Anayetazama anime anajua mkuku huo uliumia wapi: chombo kilirushwa na mkondo wa maji hadi mawinguni, Skypiea, kikashambuliwa na kuchomwa huko juu, na dhahabu waliyotaka kuwalipa mafundi ilitoka huko huko. Gemu haimpeleki mchezaji Skypiea. Hata akielezwa kwa maneno na picha chache, hakuwa ndani ya chombo kile kilipoumia, na mtu aliyewahi kuona jahazi la mzee wake likiachwa ufukweni lioze atajua kwamba huzuni ya namna hiyo haipatikani kwa kusimuliwa tu.

Marineford, ngome ya wanamaji wa serikali ambako vita kubwa inapiganwa, ndiyo iliyonisikitisha zaidi. Katika anime, Luffy anafika katika vita ile bila hata mwenzake mmoja wa melini, kwa kuwa kwenye visiwa vya Sabaody walishindwa na kutawanywa kila mmoja upande wake wa dunia, na yeye akapitia gereza la Impel Down akimtafuta kaka yake, Ace, aliyekuwa akipelekwa Marineford kuuawa. Upweke huo ndio uzito wa Marineford nzima. Gemu inairuka Sabaody, inairuka Impel Down, kisha inamwingiza Luffy Marineford akiwa na wenzake. Watengenezaji wana sababu yao, kwamba hizi ni kumbukumbu zilizobadilika, na kwa mtu aliyekwisha kuitazama hadithi huenda ikawa faraja kuona nini kingetokea kama Luffy asingekuwa peke yake. Mwanangu hakuwa ameitazama. Aliimaliza sura hiyo akaniuliza kwa nini watu huilia Marineford, na sikuwa na jibu ambalo lingetoka ndani ya gemu yenyewe.

Nisieleweke kwamba nataka kila gemu iifuate anime hatua kwa hatua. Pokémon Yellow, gemu ya kukamata na kufunza viumbe viitwavyo Pokémon iliyotoka Japani mwaka 1998, ilichukua mengi kutoka kwenye anime iliyoanza mwaka uliotangulia: kiumbe Pikachu anamfuata mchezaji, wale wabaya wawili Jessie na James wapo, na viumbe Bulbasaur, Charmander na Squirtle wanaweza kupatikana kwa utaratibu ule ule ambao Ash, shujaa wa anime, aliwapata. Lakini miji ilibaki katika mpangilio wa gemu za kwanza za mwaka 1996. Ash katika anime anapata beji ya ushindi ya mji wa Saffron kabla ya ile ya mji wa Celadon, ilhali mchezaji wa Yellow hawezi kuingia Saffron kwanza, kwa sababu walinzi wa malango wana kiu na hawampishi mtu mpaka awaletee kinywaji, nacho kinauzwa Celadon, juu ya paa la duka kubwa. Ni sababu ndogo, tena ya kitoto, lakini ni sababu, na mtoto akiulizwa kwa nini alikwenda Celadon kwanza ataijibu bila kusita. Gemu hii imeugeuza mpangilio wa anime na bado safari yake inaeleweka, wakati Odyssey imeufuata na ikakatika njiani.

Kwa hiyo, Mhariri, ombi langu kwa ukurasa wa vijana ni dogo. Mnapoandika kuhusu gemu iliyotokana na anime, tajeni mahali ambako mchezaji atapita, kwa mfuatano wake, na mahali palipoachwa, ili mnunuzi ajue kama gemu hiyo inamfaa mgeni wa hadithi au ni ya mwenyeji pekee. Mistari mitano inatosha. Mzazi anayetoa fedha nyingi kwa diski moja anastahili kujua hilo kabla ya kujua idadi ya mapigo ya Zoro, mpiganaji wa panga wa Luffy.

Mwanangu ameiweka Odyssey kando kwa sasa na anaitazama anime tangu sehemu ya kwanza. Jana usiku Luffy na wenzake walikuwa wamefika Drum, theluji ikianguka, na Nami bado ana homa.

Mwalimu wa Jiografia,
Tanga.