Mtengeneza filamu, rudi Kondoa wakati wa mvua

Mhariri,

Naomba nafasi nizungumze na kijana aliyekuja kijijini kwetu Septemba, akiwa na kamera, kutengeneza filamu ya mazingira. Alikaa siku nne. Ana adabu, alisalimia wazee, na alikula ugali wa uwele na mlenda kwangu. Sina ugomvi naye. Lakini nimeiona filamu yake kwenye simu ya mjukuu wangu, na usiku ule sikupata usingizi.

Mwanzo mpaka mwisho ni makorongo, vumbi na mbuzi waliokonda. Nami nimo, nimesimama ukingoni mwa korongo, nasema maji yalikuwa yanachukua shamba la baba. Hapo akakata. Niliyosema baadaye hayamo.

Nilimweleza habari za 1979. Mradi wa Hifadhi Ardhi Dodoma, ule tulioujua kwa jina la HADO, ulikuwa umeanza tangu 1973, na mwaka huo wa 1979 ikaamriwa mifugo yote itoke kwenye eneo la Kondoa lililomomonyoka, zaidi ya kilomita za mraba 1,200. Nilikuwa na miaka 14. Baba alikuwa na ng'ombe 11. Aliwaswaga alfajiri kuwapeleka kwa ndugu zake mbali huko nyikani, akarudi na fimbo tu. Mdogo wangu alilia maziwa, mama hana. Tulilaumu, tena sana. Lakini misimu michache baadaye majani yakafunika vilima, visiki vya miyombo vikachipua bila mtu kupanda mche, na korongo la nyuma ya nyumba yetu leo lina miti mpaka chini. Ng'ombe waliporuhusiwa tena, walikuwa wa zizini, unawakatia majani.

Mwanangu, hayo ndiyo uliyoyaacha. Mtu wa Dar es Salaam akiitazama filamu yako hivyo atadhani sisi tulikaa tu tukiangalia udongo ukienda.

Njoo Februari. Simama palepale uliposimama. Nitakuonyesha kisiki nilichopogolea mwenyewe: nimeacha machipukizi matatu, nikayafunga kitambaa chekundu ili wachungaji wajue yana mwenyewe.

Na uje na projekta. Wenzangu uliowapiga picha hawajajiona bado. Ukuta wa shule ni mweupe, jenereta jirani yangu anayo, mafuta tutachangishana.

Bibi mkulima,
Kondoa, Dodoma