Jiwe lililopinduliwa

Durham, Jumapili jioni

Ndugu yangu Hamisi,

Salamu nyingi kutoka huku Uingereza kwenye baridi. Mimi mzima, isipokuwa mafua. Nimechelewa kukujibu, nisamehe, ila leo nina habari ya kukupa wewe fundi, maana huku sina wa kumsimulia akanielewa.

Jana nilikwenda Escomb, kijiji kilicho karibu na Bishop Auckland. Kanisa lao lilijengwa kati ya 670 na 690 hivi. Nilikuta limefungwa, nikaelekezwa nyumba ya jirani, ufunguo umetundikwa nje ukutani, nikajifungulia mwenyewe. Ndani ni pembamba: urefu ni kama mara tatu ya upana, na kuta zimepanda juu mno. Madirisha ya zamani ni madogo, yako juu kabisa, yametanuliwa kwa ndani ili hicho kimwanga kinachoingia kisambae.

Sasa sikia. Mawe yenyewe ni ya kuokota! Warumi walikuwa na ngome Binchester, kilomita chache kutoka hapo. Walipoondoka ikabaki gofu, na waashi wa Escomb wakaenda kujibebea. Nilipitisha kiganja ukutani: mawe mengine bado yana alama za patasi zilizokatizana kama wavu. Moja, ukuta wa kaskazini, limeandikwa LEG VI, yaani Lejioni ya Sita, kikosi cha jeshi la Warumi, nalo limewekwa kichwa chini miguu juu. Ama mwashi hakujua kusoma, ama hakujali. Mimi nasema hakujali. Lilikaa vizuri hivyo, akaenda zake.

Tao la kuingilia madhabahuni nalo inaaminika lilifumuliwa huko huko ngomeni likapangwa upya. Miimo yake ndiyo ingekuweka hapo mchana kutwa: jiwe refu limesimamishwa, linalofuata limelazwa likapenya unene wote wa ukuta, kisha la kusimama tena, mpaka juu. Najua ungetoa timazi mfukoni utafute kosa.

Nje upande wa kusini kuna saa ya jua iliyochongwa, nyoka amejikunja juu yake. Ina mistari mitatu tu, kwa nyakati za sala. Siku nzima katika mistari mitatu, Hamisi, na mimi huku naishi kwa dakika za treni.

Wenyeji walikuja kulichoka. Mwaka 1863 wakapata kanisa jipya, hili likaachwa lichakae, hadi walipolionea huruma na kulikarabati 1875 hadi 1880. Na lile jipya? Lilibomolewa 1971. Nilicheka peke yangu mle ndani.

Nimekuchorea ule mwimo nyuma ya karatasi hii. Vipimo ni vya shubiri zangu, kwa hiyo usije ukawaonyesha vijana wako kazini. Nisalimie shemeji na watoto, na mwambie Mama shuka aliyonipa ndiyo ninayojifunika usiku.

Wako,
Saidi