Vibonzo havikuanza mwaka 1928

Ndugu Mhariri,

Ni msomaji wenu wa tangu ujana na sijawahi kuwaandikia. Ila ile makala yenu ya Jumapili, iliyodai vibonzo vilianza na Walt Disney mwaka 1928, imenishinda kuinyamazia.

Mwaka 1908 kampuni ya filamu ya Kifaransa, Pathé, ilitoa filamu fupi "El hotel eléctrico", kazi ya Segundo de Chomón, Mhispania mzaliwa wa Teruel. Mke na mume wanafikia hotelini: mizigo inajipeleka chumbani, brashi inang'arisha viatu bila mkono wa mtu, nywele za bibi zinachanwa zenyewe. Halafu mlevi anachezea mitambo ya umeme, na vyombo vyote vinacharuka. Siri yake ni hii: unakipiga kiatu picha, unakisogeza kidogo, unakipiga tena, hivyo hivyo mpaka kitembee. Hivyo ndivyo vibonzo vinavyotengenezwa, picha moja moja, na mbinu hiyo inatumika hadi leo. Sisemi Chomón alikuwa wa kwanza. Mtengenezaji filamu Blackton wa Marekani alikuwa ameshatoa filamu ya hoteli yenye mizimu mwaka 1907. Nasema alikuwapo, tena miaka 20 kabla ya huo mwaka wenu.

Binti yangu anasomea filamu chuoni. Kwenye jaribio aliandika jina la Chomón, akapigwa mkasi. Alipokwenda kuuliza, mwalimu akamfungulia gazeti lenu mbele ya wenzake, akamwambia asome kwa sauti! Mtoto aliyekesha akiitazama filamu yenyewe, picha baada ya picha, anarudi nyumbani analia kwa sababu mwandishi wenu hakujisumbua kutafuta kwa nusu saa. Mnajua gazeti likishachapa jambo, watu wetu hulishika kama hati ya mahakama?

Na televisheni zetu nazo ni walewale. Filamu haijaisha vizuri, majina yanakatwa, linaingia tangazo la sabuni. Chomón huyo huyo alifanya kazi katika filamu za "Cabiria" ya mwaka 1914 na "Napoléon" ya mwaka 1927, kazi za nyuma ya kamera. Watu wa namna hiyo tutawajuaje, kama wapo tu kwenye majina ya mwisho?

Naomba Jumapili ijayo, ukurasa uleule, mchape picha ya ile mizigo ikijipeleka chumbani. Chini yake muandike Segundo de Chomón na mkewe Julienne Mathieu, aliyeigiza humo, kwa herufi kubwa kama mlizompa Disney. Nakala moja nitampelekea mwalimu mwenyewe.

Msomaji wenu,
Morogoro