Kaseti ya nyanyako

Mwanangu, voisi zako za kuomba ile kaseti ya video nimezipata zote, na ile filamu uliyonitumia nimeitazama usiku stima ziliporudi. Huyo Péter Forgács wako fundi kweli, nakubali. Mtu tangu 1983 anakusanya mikanda ya majumbani huko Hungaria, watu walijipigia wenyewe tu, harusi, watoto, picnic, kisha yeye anaipunguza mwendo mpaka uso unasimama, mtu anacheka na we unayetazama unajua vita vinakuja, yeye hajui. Yule nahodha Andrásovits ndo alinishika. 1939 kabeba Wayahudi wanaokimbia, kashuka nao mto Danube mpaka Bahari Nyeusi, kamera mkononi, wanasali, wanaoana humohumo melini, na 1940 nahodha yuleyule anabeba Wajerumani wa Bessarabia, huko karibu na Bahari Nyeusi, waliohamishwa kutoka kwao. Nililia.

Lakini wale waliulizwa? Ndo swali langu.

Manake kaseti unayoitaka ni ya harusi ya mamako mdogo, ukumbi wa wanawake watupu. Nyanyako yumo kichwa wazi, asumini nyweleni, leso kaifunga kiunoni anacheza chakacha, Mungu amrehemu. Wengine wako hai, wana waume na wakwe, na we ni mwanamume sa hizi, hata kuitazama sijui kama inafaa. Utaiweka ukutani huko Budapest nani kawaomba? Usiniambie ni sanaa. Najua ni sanaa. Ulituambia unaenda kusomea uinjinia, babako akanyamaza, mimi nikakutetea, na ile kazi yako ya kwanza uliyotuma nimewaonyesha majirani wote. Lakini uliza kwanza.

Na usitarajie harusi nzima. Katikati kuna kama nusu saa ya tamthilia, kaseti tupu zilikuwa ghali na siku ile ndo ilikuwa episodi ya mwisho. Nyanyako alikuwa kila Idi ananiambia tuwekee ile harusi, namwambia deki mbovu.

Kabati la chumba chako linavujiwa, mabati yameoza upande wa mwembe. Kaseti nimeihamishia kwenye ndoo ya kifuniko na mchele mkavu chini. Ukiinua kile kifuniko chake kidogo cha mbele unaona ukungu mweupe ukingoni mwa mkanda, kama unga wa mhogo, sijathubutu kuufuta. Niambie ufutwe na nini. Fundi wa mabati anataka nusu kwanza, ongea na babako, mimi hanisikii. Na zile soksi nilizokupa usiwape watu, huko baridi.

Nimeanza kuwapigia simu wale wanawake mmojammoja. Wawili wamekataa. Mmoja kaniuliza nyanyako anaonekana sehemu gani, nikamwambia mwanzo tu.

Mamako