Barua ya wazi kwa Waziri wa Madini wa Nigeria: Zamfara imefunguliwa, sasa mashine za kusaga mwamba zitoke majumbani

Kwa Mheshimiwa Dele Alake,
Waziri wa Maendeleo ya Madini,
Abuja.

YAH: SUMU YA MADINI YA RISASI KATIKA MACHIMBO YA DHAHABU YA ZAMFARA

Mheshimiwa Waziri,

Desemba 2024 ulitangaza kuondolewa kwa zuio la shughuli za madini lililowekwa katika jimbo la Zamfara mwaka 2019. Hatukuandikii kupinga uamuzi huo. Zuio halikuzima uchimbaji, bali liliusukuma gizani, na uchimbaji wa gizani ndio unaoua watoto. Mtu anayeogopa kukamatwa akiwa na mwamba mwaloni, yaani mahali pa kusagia na kuoshea mwamba wa dhahabu, huubeba kwenye viroba usiku na kwenda kuusagia nyumbani kwake, mlango ukiwa umefungwa.

Barua hii tumeiandika kwa Kiswahili na kuiweka wazi kwa makusudi. Wachimbaji wadogo wa Geita, Chunya, Migori na Ituri wanasaga mwamba kwa njia zinazofanana sana na za kwenu, nao wana haki ya kujua kilichotokea Zamfara na kwa nini kilitokea.

Machi 2010 Madaktari Wasio na Mipaka waliitwa kwenye vijiji vya Zamfara ambako watoto wadogo walikuwa wakifa kwa degedege. Kwa eneo lile, ugonjwa wa kwanza kushukiwa ni malaria, wa pili ni homa ya uti wa mgongo. Damu ilipopimwa, ikakutwa risasi. Uchunguzi uliofanyika Dareta, wilaya ya Anka, na Yargalma, wilaya ya Bukkuyum, ulifika kwenye kaya 119. Kati ya watoto 463 wa chini ya miaka mitano, 118 walikuwa wamekufa ndani ya mwaka mmoja. Walio hai waliopimwa walikuwa 204, na hakuna hata mmoja aliyekutwa salama: watoto 198 walikuwa na mikrogramu 45 au zaidi za risasi kwa desilita moja ya damu, kiwango ambacho daktari hana budi kuanza dawa ya kuitoa risasi mwilini. Kwa jumla mkasa ule uliua zaidi ya watoto 400.

Aprili na Mei 2015 mambo yaleyale yakajirudia katika jimbo la Niger, eneo la Shikira, wilaya ya Rafi: watoto 65 waliugua, 28 wakafa. Ilikuwa miaka mitano tu baada ya Zamfara, katika nchi ileile, na chanzo kilikuwa kilekile.

Chanzo hicho tunaomba kieleweke vizuri mezani kwako, maana kanuni nyingi za madini huandikwa kana kwamba hatari yote iko shimoni. Dhahabu ya Zamfara, kwenye baadhi ya mikanda ya mwamba, imechanganyika na risasi nyingi. Karibu na uso wa ardhi risasi hiyo imeoza kwa hewa na maji ya karne nyingi ikawa karboneti, na karboneti huyeyuka upesi kwenye asidi ya tumbo. Mwamba huo hupondwa kwa nyundo, kisha husagwa ukiwa mkavu kwenye mashine ileile ya kusaga nafaka. Tazama mashine hiyo ikifanya kazi: unga mweupe hutoka chini, na wingu hutoka juu, hutua kwenye mkeka, kwenye sufuria, kwenye nywele za mtoto anayetambaa mita mbili kutoka hapo. Mtoto huweka mkono mdomoni mara nyingi kwa saa moja. Utumbo wake hunyonya risasi mara nne hadi tano kuliko utumbo wa mtu mzima. Hahitaji kukaribia shimo ili afe.

Katika zile kaya 119, mwamba ulikuwa ukichenjuliwa, yaani ukisagwa na kuoshwa ili kutoa dhahabu, ndani ya theluthi mbili ya nyua. Udongo na vumbi katika asilimia 85 ya nyua vilizidi miligramu 400 za risasi kwa kilo, kiwango cha Marekani cha wakati ule kwa maeneo wanakochezea watoto. Mtoto ambaye mama yake alikuwa akishughulika na mwamba alikuwa hatarini zaidi kufa. Hayo si matokeo ya uzembe wa akina mama. Wanawake wengi wa vijiji vile wanaishi ndani ya kuta za nyumba kwa desturi ya dini na ndoa, na kusaga, kuosha na kukausha mwamba uani ilikuwa njia yao ya kupata fedha bila kutoka nje.

Kwa hiyo, Mheshimiwa, ombi letu kubwa ni moja: kikundi chochote cha wachimbaji wadogo kisipewe leseni wala kuhuishiwa leseni Zamfara kabla ya kuonyesha mahali pake pa kusagia, nje ya makazi, na maji ya kusagia. Sheria ya Madini ya mwaka 2007 inawataka wachimbaji wadogo wajiunge kwenye ushirika ndipo watambuliwe. Mlango wa kuwafikia basi mnao tayari. Kinachokosekana ni mkaguzi kuuliza swali la mashine kabla ya kuuliza swali la mrabaha.

Mahali penyewe pachaguliwe kwa upepo. Kaskazini mwa Nigeria harmatani hupuliza vumbi kutoka kaskazini-mashariki kuanzia Novemba hadi Februari hivi, na upepo wa mvua hutoka kusini-magharibi. Mwalo ukiwekwa upande wowote kati ya hizo mbili, kijiji kitakula vumbi kwa msimu mmoja au mwingine. Uwekwe kusini-mashariki au kaskazini-magharibi ya nyumba, kwa umbali usiopungua nusu kilomita, na usiwe juu ya mteremko unaomwaga maji kwenye kisima au bwawa. Watu wa Bagega, kijiji cha Zamfara, walifanya kinyume: uchenjuaji ulikuwa pembeni mwa bwawa ambalo watu na mifugo waliyategemea maji yake, na matope yake yakajaa risasi.

Kuhusu maji, kuna kosa tumeliona likirudiwa na maofisa wenye nia njema. Wanaamuru "sageni kwa maji" halafu wanaondoka. Mashine ya nafaka ikimiminiwa maji hukwama. Unga unageuka tope, sahani zinashikana, na mwendeshaji anafunga bomba siku hiyohiyo. Kinachofanya kazi ni manyunyu membamba, si mmiminiko. Tangi linainuliwa au pampu ndogo inafungwa, nozeli moja inaelekezwa kwenye mdomo wa kulishia na nyingine pale unga unapotokea, na mwamba wenyewe unaloweshwa kidogo kabla ya kupondwa kwa nyundo. Shikira walipofundishwa njia hii, risasi iliyokuwa hewani ilipungua kwa asilimia 95, na vumbi la silika, linaloharibu mapafu ya wachimbaji wenyewe, kwa asilimia 80. Nozeli huziba kwa sababu maji ya bwawa yana mchanga, kwa hiyo panahitajika kichujio, hata cha kitambaa kizito, na mtu mmoja mwenye jukumu la kukisafisha kila asubuhi. Mradi usiopanga vipuri vya nozeli utakufa kabla ya mwaka kwisha. Vikundi vyenye uwezo wa kununua karasha la mipira ya chuma visaidiwe mkopo, maana hilo linasaga na maji tele bila shida.

Kubadili nguo na kuoga kabla ya kurudi nyumbani si pambo la mwongozo. Vumbi lililobaki kwenye kanzu ya baba hufika kitandani kwa mtoto. Mwaloni pawe na sehemu ya kuogea yenye kuta, sehemu ya kulia chakula iliyo mbali na mashine, na nguo za kazi zinazobaki hapohapo na kufuliwa hapohapo. Viroba vya mwamba visilale chumbani, hata kama mwenye mali anaogopa wezi. Ghala lenye kufuli la ushirika linamaliza hofu hiyo. Na marudio, yaani mchanga uliokwisha kuoshwa, yasiuzwe kwa wajenzi. Tofali la udongo lililochanganywa na marudio ni sumu iliyojengwa ukutani.

Sasa suala la wanawake. Ukihamisha mashine kilomita moja nje ya kijiji na kuishia hapo, umewanyang'anya kipato, na watakaoumia watatafuta namna ya kuirudisha uani. Hapo ndipo amri nyingi zinapokufa. Ushirika uwape wanawake hisa kwa majina yao, si kwa majina ya waume. Pajengwe ua wao wa kuoshea mwamba uliokwisha kusagwa, wenye ukuta na lango lake, ukingoni mwa kijiji kwa kufuata kanuni ileile ya upepo, pasipo na watoto. Mazungumzo hayo yapitie kwa maimamu na watawala wa jadi tangu siku ya kwanza. Usafishaji wa 2010 uliwezekana kwa kiasi kikubwa kwa sababu viongozi hao waliufungulia milango ambayo ofisa wa serikali asingeipita.

Pale ambapo sumu imeshaingia, mpangilio wa kazi ni muhimu kuliko kasi. Nyumba kwanza, dawa baadaye. Mtoto akipewa dawa ya kutoa risasi kisha akarudi kwenye ua uleule, anaila upya, na dawa inakuwa imepotea. Kifaa cha mkononi kinachopima risasi kwa miale ya eksirei hupita kila ua na kila chumba. Udongo wa juu, kwa kawaida sentimita tano au zaidi kidogo, unakwanguliwa kwa majembe, unapimwa tena, unafungwa kwenye viroba na kuzikwa kwenye shimo lililochimbwa mbali na maji. Kisha unaletwa udongo safi, uliopimwa, unashindiliwa. Vyumba vinafagiliwa vikiwa vimenyunyiziwa maji. Kazi hii hufanyika kiangazi, kwani mvua ikianza inahamisha sumu kutoka ua mmoja hadi mwingine. Vijiji saba vilikuwa vimesafishwa kufikia Machi 2011, vibarua wengi wakiwa wanakijiji wenyewe.

Bagega, cha nane na kikubwa kuliko vyote, kilisubiri. Fedha za kukisafisha ziliahidiwa Abuja Mei 2012, naira milioni 850, na hazikutoka hadi Januari 2013. Kwa muda wote huo madaktari walikuwa na dawa, walikuwa na watoto waliojulikana kuwa wagonjwa, na hawakuweza kuanza tiba kwa sababu ardhi ilikuwa bado chafu. Ubongo wa mtoto ulioharibiwa na risasi haurudi kama ulivyokuwa. Hakuna jambo katika historia hii linalotuuma kama miezi ile, kwa kuwa kila kitu kilikuwa kimejulikana tayari.

Kiini cha ucheleweshaji kilikuwa pia kwenye mgawanyo wa madaraka, nawe unaweza kuurekebisha. Katiba ya 1999 imeweka madini mikononi mwa serikali ya shirikisho peke yake. Zahanati, visima na barabara ya kijiji viko mikononi mwa jimbo na wilaya. Leseni inatoka Abuja, mtoto anaugulia Anka, na kila upande unaona bajeti ni ya mwenzake. Sheria ya 2007 imeunda kamati ya madini na mazingira katika kila jimbo. Tunaomba kamati ya Zamfara ipewe mfuko wake wa dharura, wenye fedha tayari benki, unaofunguliwa na matokeo ya maabara, bila kusubiri mkutano wa mawaziri.

Matokeo hayo ya maabara nayo yanahitaji uangalifu. Kipimo kidogo cha mkononi kinachotumia tone la damu ya kidoleni kinafaa kijijini, lakini hakitoi jibu la kuaminika joto likizidi nyuzi 36, na Zamfara mwezi Aprili huzidi hapo kirahisi. Kipimwe asubuhi, au kwenye chumba chenye kipoza hewa. Kidole kisipooshwa kwa sabuni, vumbi la juu ya ngozi hulipandisha jibu. Na kikifika 65 huandika tu kwamba kiwango ni cha juu. Mtoto mwenye 70 na mwenye 300 wataonekana sawa, kwa hiyo damu ya mshipani lazima ipelekwe maabara kubwa. Gusau, makao makuu ya jimbo, iwe na uwezo huo. Madaktari Wasio na Mipaka walitoa maelfu ya dozi za DMSA, ile dawa ya kutoa risasi mwilini, kila mzunguko ukiwa wa siku 19 au 28, nao walikabidhi kazi hiyo mwaka 2022. Dawa hiyo haipatikani kwenye duka la kawaida na ni ghali. Akiba yake iwepo kabla ya mlipuko.

Kuna njia moja ya bei nafuu kuliko zote tulizotaja: kupima mwamba shimoni kabla haujasagwa. Si kila mkanda wa dhahabu wa Zamfara una risasi. Kifaa kinachopima udongo ndicho hichohicho kinachopima jiwe, na jibu hutoka ndani ya dakika chache. Kinagharimu makumi ya maelfu ya dola, fedha ambayo ushirika mmoja hauna ila wizara inayo. Vifaa viwili vikizunguka kati ya Anka, Bukkuyum na Maru, pamoja na mafundi waliofunzwa, vitaonyesha ni mashimo gani yachenjuliwe kwa kawaida, yapi kwa tahadhari kamili, na yapi yafungwe. Walinzi wa migodi uliowaanzisha mwaka 2024 wanapambana na uchimbaji haramu. Wawasindikize mafundi hawa pia, kwa maana bila ulinzi hakuna fundi atakayefika Bagega.

Tunaomba jibu la maandishi kwa mambo mawili kabla ya kiangazi kijacho kuanza Novemba: ni vyama vingapi vya ushirika vya Zamfara vimekaguliwa mahali pao pa kusagia tangu zuio liondolewe, na ni kiasi gani kimetengwa katika bajeti ya wizara yako kwa ajili ya vifaa vya kupimia mwamba.

Wasalaam,

Sisi tunaoshughulika na uchenjuaji salama na afya ya wachimbaji wadogo Afrika Mashariki