Miezi 84 ya NSSF: niichukue au niisubiri?

Ndugu mshauri, salaam.

Mimi ni mama mtumishi wa umma, mtunza kumbukumbu, nipo Masasi. Mwisho wa Juni 2027 nastaafu kwa lazima, nikiwa na miaka 60. Kinachoninyima usingizi ni kwamba utumishi wangu una vipande vitatu.

Julai 2007 niliajiriwa na halmashauri moja ya mkoa wa Lindi, michango ikawa inakwenda LAPF, mfuko wa pensheni wa watumishi wa serikali za mitaa. Julai 2012 nikapata nafasi kwenye shirika moja la umma Mtwara mjini. Pale watumishi walikuwa NSSF, mfuko wa taifa wa hifadhi ya jamii, nami nikaandikishwa huko. Julai 2019 nikarudi halmashauri, safari hii huku Masasi, nikakuta LAPF haipo tena: tangu Agosti 2018 imeunganishwa na mifuko mingine ya pensheni, PPF, PSPF na GEPF, kuwa PSSSF, mfuko mmoja wa watumishi wa umma. Muda wote huo mwajiri wangu ni serikali, na sijakaa hata mwezi mmoja bila kukatwa.

Sasa piga hesabu. PSSSF nitakuwa na miezi 60 ya enzi za LAPF na 96 ya sasa, jumla 156. NSSF nina 84. Pensheni ya kila mwezi inataka miezi 180 ya kuchangia. Kila mfuko ukiniangalia peke yake, sifiki. Nitapewa mkupuo huku, mkupuo kule, basi, tumeagana. Ikijumlishwa ni miezi 240, miaka 20 kamili.

Nilipouliza, niliambiwa vipindi vinaweza kujumlishwa ila nipeleke ushahidi kwamba utumishi haukukatika, ikiwemo barua ya kuruhusiwa kuhama ya mwaka 2012. Nakala yangu siioni. Halmashauri ile ya kwanza wanasema jalada langu "halionekani". Mimi nimezeekea masijala, mshauri. Jalada lisiloonekana mara nyingi lipo juu ya kabati, aliyetumwa kulitafuta hakupanda kiti.

Nilichonacho ni barua ya ajira, barua ya kuthibitishwa kazini, hati chache za mshahara zenye makato ya LAPF, na taarifa moja ya michango ya 2011. Taarifa hiyo nayo ina lake: jina la baba limeandikwa herufi moja na nukta, wakati kitambulisho cha NIDA kina majina matatu kamili.

Nyumbani ndiko kwenye moto zaidi. Baba watoto na shemeji yangu wanasema nikistaafu tu nichukue za NSSF, kuna shamba la mikorosho linauzwa upande wa Nanyamba. Siwabezi, korosho imesomesha watoto wetu. Lakini shamba linataka salfa, mashine ya kupulizia, vibarua wa kupalilia na kuokota, na bei ya mnadani hupangi wewe. Ukija ugonjwa wa ubwiri unga maua yakakauka, mwaka huo unakula nini? Pensheni ingeingia tu. Hofu yangu ni kwamba nikishachukua fedha za NSSF, ile miezi 84 itakuwa imelipwa na haitajumlishwa tena popote.

Naomba unisaidie haya. Maombi ya kujumlisha vipindi nianzie PSSSF, ambako ndiko nitakakostaafia, au NSSF? Je, barua ya kuhama isipopatikana, barua za ajira za waajiri wote watatu na hati za mshahara zinatosha, au nimwombe mwajiri wa sasa aandike rasmi kwa halmashauri ile? Suala la jina linamalizwa na hati ya kiapo tu? Na vipindi vikishajumlishwa, pensheni italipwa na mfuko mmoja, au kila mfuko utalipa sehemu yake?

Kama yupo msomaji aliyewahi kupita njia hii akafanikiwa, naomba naye aseme alianza na karatasi gani.

Mtunza kumbukumbu,
Masasi, Mtwara